Fereti Aliyebebwa Kwenye Mfuko wa Nywele

Nyinyi wajukuu zangu wa Mayfair hapa Johannesburg, mnaoniita Gogo na kunijibu kwa Kiingereza kila ninapowasemesha, leo ninawaandikia kwa Kiswahili makusudi. Mnaelewa. Nimewaona mkicheka mama zenu wanapoteta, kwa hiyo msijifanye.

Kinachoniandikisha ni simu yangu. Tangu nistaafu pale kliniki ya wanyama, majira ya baridi yaliyopita, haipiti wiki bila mmoja wenu kunitumia video ya fereti akirukaruka juu ya zulia, na chini yake swali: naweza kumpata wapi? Hamniulizi anakula nini. Hamniulizi serikali inasemaje. Mnauliza duka tu.

Kwa ambaye hajamwona, fereti ni mnyama mrefu mwembamba, mlaini kama soksi iliyojazwa pamba, miguu mifupi, na usoni ana weusi kuzunguka macho kama mwizi aliyejifunika kitambaa. Kicheche ni ndugu yake. Kwetu Morogoro akipita uani watu watasema nguchiro, na jioni hiyo kila mtu atahesabu kuku wake. Lakini huyu si wa porini. Watu wamemfuga tangu zamani sana, na porini hapawezi tena.

Mimi sikuja Johannesburg kwa ajili ya wanyama. Nilimfuata mume. Alikuwa Mwafrika Kusini aliyeishi uhamishoni kwetu, akanioa, na nchi yake ilipofunguka akasema twende nyumbani. Nyumbani kwake, si kwangu. Nilikuwa najua Kiswahili, Kiluguru, na kupika. Kazi niliyoipata ilikuwa kudeki sakafu katika kliniki ya wanyama huku kusini mwa mji, jirani na La Rochelle. Siku moja paka mkali aliyemshinda kila mtu alitoroka mezani, akaja akajilaza miguuni pangu juu ya tambara la kudekia. Daktari akaniangalia akasema, "Mama Thandi, weka ndoo chini. Kuanzia leo utakuwa unashika wanyama." Thandi ni binti yangu wa kwanza.

Daktari mwenyewe alikuwa Daktari Pillay, mwanamke mfupi, mwenye sauti ndogo, aliyekunywa chai ya baridi kutwa nzima kwa sababu hakuwahi kupata nafasi ya kuinywa ikiwa moto. Yote ninayoyajua nimeyapata kwake.

Fereti wa kwanza niliyemshika aliniuma kidole cha shahada na hakuachia. Akaning'inia pale kama pete. Nikataka kumvuta.

"Usivute!" Daktari akasema bila hata kuinua sauti. "Ukivuta utajichana mwenyewe. Meno yake yametulia, nawe tulia."

Akaja, akamkamata ile ngozi iliyolegea nyuma ya shingo, mkono wa pili akamkinga makalio, akamwinua taratibu. Fereti akafungua kinywa, si kwa kuachia tu, akapiga mwayo mkubwa kabisa, macho yamefumba, kama mzee anayesikiliza hotuba ndefu ya harusi. Kidole changu kikatoka. Ndivyo walivyoumbwa: mama zao huwabeba kwa ngozi hiyo, na ukiishika mwili mzima unalegea, mwayo unakuja wenyewe. Basi tukapata nafasi ya kuangalia meno yake yote wakati anapiga miayo.

Daktari akaniambia jambo jingine nililolishika. Fereti mchanga anauma kwa sababu anacheza, na ngozi za wenzake ni nene. Hajui kwamba yako ni nyembamba. Usimpige. Mwambie hapana, mweke chini, ugeuke. Atajifunza. Ukimpiga atajifunza pia, ila atakachojifunza ni kwamba mkono wako ni adui.

Sasa niwaambie habari za Mama Furaha.

Alikuja asubuhi moja ya mwanzo wa kiangazi, wakati mijakaranda bado haijatoa maua. Mwanamke mnene, kitenge kimefungwa vizuri, mfuko mkubwa kakumbatia kifuani, ule wa plastiki wanaobebea mafungu ya nywele za kusukia. Akasimama mlangoni akasoma uso wangu, akasoma kilemba changu.

"Mama," akasema polepole, "weye unasemaka Kiswahili?"

"Nasema."

"Aksanti Mungu!" Akauweka mfuko mezani. "Angalia hii kitu. Miye naogopaka panya sana, lakini hii haiko panya. Hii iko nakufa."

Ndani ya mfuko, juu ya nywele za rangi ya kahawia, alilala fereti wa kike wa rangi hiyo hiyo. Kwa mbali usingemwona. Nilipofunua mdomo wake nikaona fizi nyeupe kama karatasi. Miguu ya nyuma aliiburuta. Chini ya ngozi ya tumbo kulikuwa na vidoa vyekundu kama aliyechomwachomwa na pini, na huko nyuma, mahali pa uzazi, pamevimba sana.

Nikamwita Daktari, na wakati anampima nikamwuliza Mama Furaha amempata wapi.

Akanieleza. Yeye ni mtu wa Bukavu, msusi, ana kiti chake kule Marshalltown kwenye kibaraza ambapo wanawake wa maofisini wanasukwa saa za chakula. Alipanga chumba cha uani La Rochelle kwa mzee mmoja wa Kireno, mjane, jina lake Manuel. Mzee huyo ndiye aliyemnunua fereti, kiangazi kilichotangulia, akiwa bado mchanga, akampa jina la Canela. Kwa Kireno ni mdalasini. Mama Furaha hakumpenda. Kila alipokwenda kuanika nguo yule mnyama alimwibia soksi, akakimbia nayo chini ya kabati la mzee, na mzee akacheka mpaka akakohoa.

Kisha mzee akapigwa na kiharusi. Upande mmoja ukafa, na maneno yakakatika. Mtoto wake wa kiume akaja kutoka mbali, akampeleka kwenye nyumba ya kutunzia wazee, akarudi kuifunga nyumba ili iuzwe. Akamwambia Mama Furaha, wala si kwa ubaya, akasema tu kama mtu mwenye mambo mengi, "Yule mnyama mfungulie kule kwenye vilima vya mchanga wa migodi. Atawinda."

"Nikamwuliza, atawinda nini?" Mama Furaha akaniambia. "Hii mnyama analala kwa godoro. Anakula kwa sahani. Kesho mbwa anamrarua. Lakini Mama, ile siku banamtoa Papa Manuel kwa nyumba, hakuweza kusema. Akanishika mkono hivi, na akaangalia kwa kizimba. Akaangalia miye, akaangalia kizimba. Miye niko mama. Najua mtu anaangalia vile juu ya nini."

Basi akamchukua. Mwanamke anayeogopa panya, chumba kimoja, kitanda kimoja, na fereti. Akampa alichokuwa nacho, bugali kidogo na sombe, yaani kisamvu, na alipoona hataki sombe akampa mkate katika maziwa. Akamwogesha kila siku kwa shampuu ya wateja kwa sababu ananuka. Alikuwa anajitahidi kwa moyo wake wote, na hakukuwa na mtu wa kumwuliza.

Daktari akanyoosha mgongo. "Yuko kwenye joto," akasema, "na amekaa nalo wiki nyingi mno."

Hapa, wajukuu, tegeni masikio, kwa sababu hii ndiyo inayowaua na video hazisemi. Mbwa jike akiingia joto, siku zikifika linaisha. La fereti jike haliishi. Asipopata dume, au asipotibiwa na daktari, joto linaendelea tu, na ile homoni inayomwagika mwilini inakausha uboho ndani ya mifupa, pale damu inapotengenezwa. Anaishiwa damu huku hajajeruhiwa popote. Canela alikuwa amefikia ukubwa, hii ndiyo ilikuwa mara yake ya kwanza, na Mzee Manuel, ambaye labda angelijua, alikuwa kitandani bila maneno.

"Nitamchoma sindano ya kulizima joto," Daktari akasema, "lakini sindano haileti damu. Anahitaji damu leo. Damu ya fereti."

Nikamfasiria Mama Furaha. Akakaa kwenye benchi. "Miye niko na damu," akasema.

Nilimshika bega.

Mungu ana namna zake. Fereti, tofauti na sisi na mbwa na paka, hawana shida ya makundi ya damu. Ya yeyote mwenye afya inamfaa yeyote. Kwa hiyo hatukuhitaji fereti fulani, tulihitaji fereti tu, dume kubwa lenye nguvu. Lakini fereti Johannesburg hawajai kama njiwa. Nikafikiri, nikamkumbuka Ruan.

Ruan alikuwa fundi wa magari wa Turffontein, kijana wa Kikaburu mwenye michoro ya wino mpaka shingoni na roho ya kitoto. Alikuwa na dume aliyemwita Biltong. Alikuwa anakuja naye kila mwaka kwa chanjo, kisha akakoma. Nikapiga simu.

"Ruan, mimi Mama Thandi wa kliniki. Biltong hajambo?"

Nikasikia spana ikiwekwa chini. "Kwa nini unauliza?"

"Tunahitaji damu yake. Kuna mwenzake anakufa hapa."

"Eish, Mama." Akashusha sauti. "Siwezi kuja. Jirani ameniambia fereti wanahitaji kibali, na mimi nilihama mkoa, nikamtia tu kwenye gari nikaja naye. Sina karatasi. Watu wa serikali wakimwona watamchukua."

"Sikukuuliza karatasi. Nimekuuliza hali yake."

"Amenenepa," akasema. Hakuweza kujizuia. "Mzuri sana, Mama. Anang'aa."

"Basi mlete."

"Naogopa."

Daktari akaninyooshea mkono, nikampa simu. Yale aliyomwambia nimeyarudia kwa watu wengi, nami nawarudishia nyinyi. Hakumwambia kwamba sheria haipo. Akasema, "Ruan, sitakudanganya. Fereti ni mnyama wa kigeni katika nchi hii, na kila mkoa una taratibu zake. Pengine wanataka kibali cha kumfuga, pengine hawataki, pengine wanakitaka wakati wa kumhamisha tu, na mambo haya hubadilika. Wewe hujui unadaiwa nini, na mimi sijui kwa hakika. Kwa hiyo tutauliza. Nitaipigia simu ofisi ya mazingira ya mkoa, wewe ukiwa umekaa hapa, tuulize waziwazi. Lakini tazama ulichokifanya mpaka sasa. Kwa kumwogopa mtu wa serikali ambaye hujawahi kumwona, umemnyima Biltong chanjo. Na ninaye hapa mwenzake asiye na muda."

Ruan akakata simu.

Tukangoja. Mama Furaha alikuwa amemweka Canela mapajani, juu ya zile zile nywele za kusukia, anampapasa kwa kidole kimoja. Vidole vya msusi ni vyepesi, mnajua. Akaniambia, "Mama Thandi, zamani nilimwita shetani juu ya soksi zangu. Sasa aamke tu, nitamnunulia soksi zake."

Pikapu ikafunga breki nje. Ruan akaingia na ovaroli lenye grisi, mikono mitupu, nikasema moyoni amekuja kuomba radhi. Kisha tumbo la ovaroli likatikisika, na kutoka kwenye kola kikachomoza kichwa kipana chenye weusi wa mwizi.

Daktari hakupoteza muda. Akampima Biltong kwanza, moyo, fizi, tone la damu kwa hadubini, kwa sababu mtoa damu naye ni mgonjwa wako siku hiyo. Akamlaza kwa dawa kidogo. Mimi nikashika, kama nilivyofundishwa, na damu ikaingia ndani ya bomba la sindano, nyeusi nyeusi. Ilionekana kidogo sana. Kwa mnyama kama Canela ilikuwa nyingi.

Ilipoanza kuingia kwa Canela, tone kwa tone, Mama Furaha akasimama, akanyoosha mikono na kuomba kwa sauti, kama wanavyoomba wao, kliniki nzima ikasikia, mbwa wakanyamaza. Ruan akanisogelea.

"Anasema nini?"

"Anakuombea wewe."

"Mimi?"

"Wewe na Biltong. Anasema, Bwana, mbariki huyu mtoto aliyechorwa mwili mzima, na umbariki mnyama wake mwenye jina la nyama kavu."

Akacheka, akajifuta pua kwa mkono wa ovaroli, grisi ikabaki shavuni. Walikaa benchi moja mchana kutwa, yule hajui Kiswahili, huyu Kiingereza chake cha mteja tu, ndefu, fupi, nyuma, mbele. Wakaonyeshana picha za fereti kwenye simu.

Kesho yake nilipofungua kizimba kubadilisha plasta ya dripu, Canela aliniuma. Nikapiga yowe, Daktari akaja mbio. "Ameniuma!" nikasema, nacheka kama mwehu. Jana hakuwa na nguvu ya kuinua kichwa. Tukafunua mdomo: fizi zilikuwa za pinki, hafifu, kama ukucha wa mtoto.

Kuhusu ile simu ya ofisi, Daktari aliitimiza ahadi. Alimketisha Ruan pale, akapiga. Afisa aliyepokea alikuwa mwanamke mchangamfu, aliuliza mnyama ana umri gani, ametoka wapi, ana chanjo, kisha akamweleza Ruan aombe nini na apitie wapi. Hakuna aliyekuja na gari. Ruan akafuata, mambo yakanyooka, na Biltong akachanjwa upya. Kwa hiyo nanyi, wajukuu, kabla ya kumnunua, si baada, uliza ofisi ya mkoa unaoishi. Ukihama, uliza tena kwa mkoa unaokwenda. Mwulize mwenye nyumba wako, kwa sababu sheria ya serikali ikikuruhusu, ya mwenye nyumba inaweza kukukatalia. Na msimfungulie porini hata kama mmechoka naye. Atakufa njaa, au atamaliza ndege na viumbe wa hapa ambao hawajui kumkimbia, na vyovyote vile sheria hairuhusu. Kuuliza si ujinga. Daktari alikuwa akisema kwamba watu wanaoiogopa sheria bila kuijua ndio waliomletea wagonjwa walioharibika zaidi.

Mwenye nyumba mpya wa Mama Furaha alikuwa bibi mmoja wa Kizulu huko huko La Rochelle. Alisema hataki panya kwake. Mama Furaha akamtoa Canela mfukoni, akamshika shingoni kama nilivyomfundisha. Canela akapiga mwayo. Yule bibi naye, bila kupenda, akapiga mwayo. Wakacheka, akampa ufunguo.

Nilimfundisha mengi siku zile, na mengi alinifundisha yeye. Fereti ni mla nyama, basi. Moyo wa kuku, firigisi, nyama yenyewe, au chakula kizuri cha paka chenye nyama nyingi. Si bugali, si pap ya huku, ugali uleule, si mkate, si tunda, si maziwa. Utumbo wake ni mfupi, chakula kinapita mbio, kwa hiyo chakula kiwepo wakati wote, ale kidogo kidogo. Na kile kunuka, kadiri unavyomwogesha ndivyo ngozi inavyotoa mafuta zaidi, anazidi kunuka. Fua matandiko yake, yeye mwache. Harufu kidogo itabaki. Kama huiwezi, fuga samaki.

Shida kubwa ya chumba cha msusi ilikuwa ile mipira midogo ya kufungia nywele. Fereti hupenda kutafuna mpira, kandambili, sifongo, rimoti, na kipande kikikwama tumboni ni kisu cha daktari au kaburi. Mama Furaha alianza kuweka mipira yake kwenye kopo lenye kifuniko, na kila jioni alipiga magoti na tochi akisaka iliyodondoka. Kisha tundu. Kichwa kikipita, mwili wote unapita. Aliziba nafasi chini ya mlango na nyuma ya jiko. Na jua la hapa halimfai. Joto likipanda na umeme umekatika, gandisha chupa ya maji mapema, izungushie taulo, mwekee ailalie. Ukiwa na mafua usimbusu, utamwambukiza. Chanjo ya kichaa cha mbwa na ya distempa asikose, ile distempa ya mbwa wa mtaani ikimpata hapona. Na jike, mpeleke kwa daktari kabla joto la kwanza halijafika, mkubaliane njia ya kulizuia. Canela alipata yake alipokwisha kupata nguvu.

Siku moja Mama Furaha alinipigia nikiwa msikitini, nimetoka tu kuswali, analia mtaa mzima unasikia. "Mama Thandi! Amekufa! Niko namtikisa, iko kama kitambaa!"

"Ana joto mwilini?"

"Joto iko."

"Mwekee kipande cha kuku puani."

Nikasikia kikohozi cha aibu. "Anakula."

Wanalala hivyo. Sehemu kubwa ya siku, na usingizi wao ni mzito kama wa mtu aliyezimia. Ndugu zenu wale waliokuwa wamekaa nami barazani walicheka, na tangu hapo Mayfair wengine wananiita Mama Nguchiro, nami naitika.

Mwisho wa mwaka ule, Mama Furaha akasema anataka kwenda kumwona Papa Manuel. Alikuwa ameshakwenda mara nyingi peke yake, kumkata kucha na kumchana nywele, na kila mara mzee alimtazama akatazama mikono yake mitupu. Aliomba ruhusa kwa msimamizi wa nyumba ile ya wazee, na msimamizi akasema sawa, bustanini tu, na chanjo ionyeshwe kwanza. Ruan akatuendesha kwa pikapu. Canela alikaa kwenye kikapu chenye kifuniko, kipya, kwa kuwa mfuko wa nywele ulikuwa umeshatobolewa.

Mzee alikuwa kwenye kiti cha magurudumu chini ya kivuli cha ukuta, blanketi magotini, mkono wa kulia umelala kama wa mtu mwingine. Muuguzi akatueleza kwamba hajasema neno tangu aletwe. Anaelewa, ila hasemi.

Mama Furaha akapiga magoti kwenye nyasi akafungua kikapu.

Canela akachungulia, akanusa hewa, akanusa kiatu. Kisha akapanda. Akapita gotini, akaingia ndani ya mkono wa sweta upande ule uliokufa, tukaona tu uvimbe ukisafiri mpaka kwenye kiwiko, ukajizungusha, ukatulia. Mzee akalia bila sauti. Mkono wake mzima ukaja ukapima ule uvimbe kwa juu ya sufu, ukarudi, ukapima tena. Mdomo ukaanza kuhangaika. Ulihangaika muda mrefu, mate yakimtoka, muuguzi akasogea, nami nikamzuia.

"Gorda," mzee akasema.

Lilikuwa neno kweli. Muuguzi akaweka mkono mdomoni.

"Amesema nini?" Mama Furaha akauliza, akitugeukia mmoja mmoja. "Muniambie, amesema nini?"

Muuguzi alikuwa na mume wa Msumbiji, alikijua Kireno. "Anasema," akajibu, macho yamemjaa machozi, "amenenepa sana huyu."

Mama Furaha akakaa chini kabisa kwenye nyasi, kitenge chake kizuri chote, akaanza kucheka na kulia kwa pamoja, akipiga goti la mzee kwa kiganja.

"Ni kuku, Papa!" akamwambia kwa Kiswahili chake, kwa sauti kubwa, kama mtu anayejibu shitaka. "Ni kuku! Ungependa nimpe nini?"